Jina la Namba Tano

Jumatatu, 28 Aprili

Mazoezi asubuhi. Mvua tangu alfajiri, uwanja maji matupu upande wa barabarani. Tumekimbia, tumepiga pasi fupifupi, halafu kona. Goti la kushoto linauma kidogo. Sikusema.

Beki mpya amekuja. Mtoto wa Majengo, Mombasa. Mrefu, mabega kama mlango, mdomo haufungi. Amezunguka akimpa kila mtu mkono na kutaja jina lake kwa sauti. Odhis, kipa wetu, akamwambia, "Bro, tushakusikia. Hata Msambweni wamekusikia." Watu wakacheka. Nami nikacheka.

Alipofika kwangu akalitaja tena. Kicheko kikanikauka. Ni jina la mkwe wangu, baba yake mke wangu Mishi. Lile lile.

Nikasema, "Karibu, kaka." Nikatazama chini.

Kocha Wafula amempa jezi namba tano, beki wa kati. Mie ni kiungo wa kukaba, nasimama mbele yake. Mpira ukipita juu yangu nageuka, na hapo naona yaliyo mgongoni kwake ambayo yeye hayaoni. Kazi yangu kumwita nimwambie. Kila mechi, dakika zote.

Sijui nitafanyaje.

Jumatano, 30 Aprili

Jina sitaliandika hata hapa. Labda ni ujinga. Lakini mie nimelelewa na Bibi, Mungu amrehemu, na kwa Bibi jina la mkwe halitajwi, akiwepo asiwepo. Yeye mkwewe aliitwa Juma. Basi siku za wiki zilimtaabisha mpaka anakufa. Jumamosi alikuwa akisema "ile siku ya baada ya msikiti". Tulikuwa tukimcheka. Sasa najicheka mwenyewe.

Na hili la mkwe wangu ndilo baya zaidi, maana watu hulitaja hata wakijikwaa. Mtu akipiga kidole kwenye jiwe, linamtoka lenyewe. Mie tangu nioe nikijikwaa nasema ah.

Wachezaji wenzangu wanamwita beki siku nzima. Linaruka uwanjani kama mpira. Mie peke yangu kinywa kimefungwa.

Mkataba wangu unaisha mwisho wa mwezi wa tano. Kocha bado hajasema kitu. Ananitazama tu.

Nimecheza Voi, Thika, Tanga, Kakamega, tena Thika. Kila mahali msimu mmoja, pengine nusu. Kule Munje, kwa kina Mishi, wananiita Mabegi. Siku ya posa mkwe alikubali, lakini aliweka neno moja: binti yake hakai nyumba isiyokuwa na mume. Nikibeba begi tena, yeye atamchukua. Ukunda ndiyo timu ya kwanza inayonilaza kwangu. Tumepanga chumba na sebule hapa Bongwe. Mishi ana mimba ya miezi sita.

Hawa wakiniacha, hakuna timu nyingine ya karibu.

Jumapili, 4 Mei

Jana tumefungwa moja bila, nyumbani.

Nitaandika ilivyokuwa. Mpira mrefu umetoka kwao. Umenipita juu. Nikageuka, nikaona straika wao anamzunguka beki kwa nyuma. Beki yuatazama mpira, hana habari. Jina likanijia mpaka kwenye meno. Nikalimeza. Nikaita, "Kaka! Kaka!"

Wakageuka watatu. Beki wa kulia, beki wa kushoto, na Odhis golini. Aliyetakiwa kugeuka hakugeuka. Kwao Majengo kila mtu ni kaka, haliwi jina la mtu.

Goli.

Beki alinijia mikono kiunoni. "We bwana, ulimwona?"

Nikasema nilimwona.

"Sasa si uniite!"

Najichukia.

Jumanne, 6 Mei

Kocha ameniita kando baada ya mazoezi. Yeye ni mtu wa Bungoma, hazunguki zunguki.

"Kassim, miguu yako nzuri. Macho yako nzuri. Lakini kiungo wa kati ni redio ya timu. Redio yangu imezima."

Nikasema ndiyo, kocha.

"Ona! Hata hapa unanong'ona. Mechi zimebaki chache. Mimi sitasajili bubu msimu mwingine. Umeskia?"

Nimesikia. Nilitaka kumweleza. Lakini angenielewa vipi? Angecheka, halafu angewaambia wengine, halafu ingekuwa wimbo. Nikafunga kamba za viatu ambazo zilikuwa zimefungwa tayari.

Vijana wa timu wameshaanza kuniita Bubu. Thika walikuwa wakiniita hivyo hivyo. Pale haikuniuma.

Ijumaa, 9 Mei

Nimepata dawa. Namba! Jezi yake ni namba tano. Nitamwita Tano.

Nimejaribu kwenye mazoezi. "Tano, kushoto! Tano, mtu!" Amegeuka mara zote. Kocha amenyanyua kidole gumba. Beki ameuliza mbona namwita kama basi la shule. Wenzangu wamecheka, nami nimecheka. Msikitini nimeomba kwa moyo mweupe.

Nimerudi na viazi vya karai kwa Mishi. Ameuliza kuna nini leo mbona meno yako nje. Nikamwambia redio imewaka. Hakuelewa. Amekula vyote, hakunibakishia hata kimoja.

Jumapili, 11 Mei

Sitaki kuandika. Naandika.

Jana Malindi. Kipindi cha pili, tuko sare moja moja. Wamepata frikiki karibu na boksi. Odhis anapanga ukuta. Alishaita watu watatu, wamesimama. Nikaona beki ameacha mtu wake nguzo ya mbali, mtu yuko peke yake kabisa, anapangusa uso kwa jezi. Nikamwonyesha kwa mkono, nikapiga kelele, "Tano! Tano!"

Odhis akasikia tano. Akadhani nimeona kitu, nataka watu watano ukutani. Akaongeza wawili. Tena mmoja wa hao wawili akawa ni beki mwenyewe, namba tano mwenye jezi yake, akakimbia akajipanga.

Mpira ukaenda nguzo ya mbali. Yule mtu hata hakuruka. Kichwa tu, kama anaitikia salamu.

Mbili moja.

Ndani ya basi hakuna aliyesema na mie. Odhis alisema mara moja tu, kwa dirisha si kwangu. "Sauti ikitoka, inatoka na goli."

Jumanne, 13 Mei

Benchi. Jumamosi ataanza yule kijana wa Nairobi mahali pangu. Anaongea mpaka akinywa maji.

Kocha wangu wa zamani wa Kakamega amepiga simu. Wana nafasi. Anataka jibu kabla mwezi kwisha. Nikasema nitafikiria. Hakuna cha kufikiria. Wakiniacha hapa nitakwenda, maana mie kazi nyingine sijui, na shule niliacha darasa la sita.

Nilivuta begi kutoka uvunguni kuangalia zipu. Mishi alikuwa mlangoni, ameniona. Akaendelea kupepeta mchele. Nikaona aibu kulirudisha mbele yake, kama mwizi anayerudisha kitu. Nimeliacha karibu na mlango.

Alhamisi, 15 Mei

Mkwe amekuja.

Yeye ni fundi wa makuti. Kuna hoteli Diani inaezeka upya wakati huu hakuna wageni, wamemwita yeye na wenzake wa Munje. Atalala kwetu mpaka kazi iishe, Alhamisi ijayo au ile ya pili yake.

Nilimpokea mzigo wake. "Shikamoo, baba." "Marahaba." Basi, maneno yetu yakaisha. Yeye sebuleni, sisi chumbani. Mie kula nakula nyuma, jikoni. Akiingia natoka. Akikohoa nasimama. Nyumba imekuwa ndogo kama kibiriti.

Ameliona begi. Amelitazama, halafu akamuuliza Mishi kama mie sipo, "Mumeo anasafiri?"

Mishi akasema, "Sijui, baba."

"Hujui." Akanywa chai yake. "Mie kazi yangu ikiisha narudi Munje. Kama kuna safari, nguo zako uzifunge kabisa tuondoke wote."

Yeye hapandishi sauti. Afadhali angepandisha.

Jumapili, 18 Mei

Jana sare, nyumbani. Nilikaa benchi mpaka mwisho. Yule kijana wa Nairobi ametegua kifundo cha mguu, wametoka naye amebebwa. Nilimwonea huruma. Halafu nikafikiri: Jumamosi ijayo ni mie. Nikajionea aibu.

Leo balaa. Beki amekuja nyumbani bila hodi ya maana, ameleta maembe, anataka tupatane. "Mbona waniona kama adui, Kassim?" Mkwe alikuwa ametandika mkeka nje, anasuka kamba. Beki akamwamkia vizuri, shikamoo mzee, halafu akajitambulisha. Jina kamili, kwa sauti ile yake.

Mkwe akaacha kamba. Uso ukafunguka. Sijapata kumwona hivyo.

"Kumbe wewe ni somo yangu!"

"Wacha, mzee! Nawe waitwa hivyo?"

Wakashikana mikono kama ndugu waliopotezana. Mkwe akamkatalia kuondoka. Somo hivi, somo vile. Beki kala wali wa nazi sinia zima. Mie nimesimama kando ya tangi la maji, nimeshika kata, sina la kufanya nayo.

Beki akiondoka nilimsindikiza mpaka barabarani. Akasimama ghafla. Akanitazama. Nikajua amejua.

"Kassim. Ndiyo maana huniiti."

Nikapiga kokoto teke.

"Kaka, kaka. Tano, tano. Subhanallah! Kwani mie n'mekuwa mkweo?" Akacheka mpaka akashika mti. "Timu imefungwa mabao mawili kwa adabu!"

Nikamwomba asimwambie mtu. Akasema hasemi. Lakini alikuwa bado anacheka.

Jumatatu, 19 Mei

Amesema.

Kocha ameniita mbele ya timu nzima. "Kassim, ni ukweli? Hutaji jina ya huyu juu ni jina ya baba ya mke wako?"

Nikasema ndiyo.

Odhis akaangua kicheko, na wote wakafuata. Mmoja akauliza nikiwa na mkwe anaitwa Mpira itakuwaje.

Kocha hakucheka. Hilo namshukuru. Alisema, "Mimi na mama mkwe wangu tangu nioe hatujashikana mkono. Kwa hivyo nakuelewa. Lakini hii ni kazi. Jumamosi unaanza. Unamwita jina yake, ama unaenda nyumbani, na hiyo itakuwa mwisho."

Baadaye beki alinijia. Akasema aliona ni bora kocha ajue kuliko nifukuzwe kama mtu mvivu. Labda ana haki. Bado nina hasira naye.

Jumatano, 21 Mei

Beki amejipa jina jipya. "Niite Chuma. Yaishe." Tumejaribu mazoezini. Chuma, kulia! Chuma, mtu! Hageuki. Anakumbuka mpira umeshapita, halafu anasema, "Aa, kumbe mimi." Shingo yake hailijui. Mtu shingo yake inajua jina la kwao tu.

Nyumbani nilimwambia Mishi kila kitu. Sikuwa nimemwambia, hata la Kakamega. Alisikiliza, mkono juu ya tumbo. Nikamwomba amfikishie babake. Aombe ruhusa kwa niaba yangu.

Akaniangalia. "Nikamwambie nini, Kassim? Baba, mume wangu aomba ruhusa akupigie makelele mbele za watu?"

Alisema kwa upole. Lakini alikataa. Na mie nikaona hata swali lenyewe haliulizwi. Kuomba ruhusa ya kuvuka mpaka ni kuuvuka tayari. Wala si la kuzungumzwa. Liko hivyo tu.

Begi bado liko mlangoni. Tunalizunguka.

Ijumaa, 23 Mei

Baada ya sala mkwe alisema, kwa Mishi lakini mie niko hapo: "Kesho tunafunga kazi mapema. Nitakwenda uwanjani na wenzangu. Nataka nimwone somo yangu akicheza."

Uwanja wenyewe uzio uko hatua chache na mstari. Mtu akikohoa nje unamsikia ndani.

Mishi akabaki ameshika birika. Mkwe akauliza mbona chai imepoa.

Nimefikiria kusema goti limevimba. Linauma kweli, si uongo mtupu. Lakini nikisema goti, mwisho ni ule ule. Naachwa, nachukua begi, Mishi anakwenda Munje, mtoto atazaliwa mie niko Kakamega natazama simu. Na nikimwita, mkwe atamchukua vilevile, na safari hii ana sababu. Mtu asiye na adabu hapewi mke.

Njia zote mbili zaishia Munje.

Sikula.

Jumamosi, 24 Mei

Mechi imekwisha. Niko chumbani kwa beki, hapa Ukunda. Sikurudi nyumbani.

Nianze mwanzo. Mvua mpaka saa saba, halafu jua kali, uwanja uji. Mkwe alikuja na mafundi wenzake watatu wa Munje, mmoja ni Mzee Riziki, yule mwenye midomo mirefu kuliko wote. Wamesimama nyuma ya kibendera cha kona, upande wa goli letu. Mkwe amevaa kofia yake nyeupe. Nilimwona kabla sijavaa viatu. Sikuacha kumwona.

Kipindi cha kwanza nilicheza kama mtu aliyejifunga kitambaa kinywani. Nilifika kila mahali kwa miguu ili nisihitaji sauti. Pumzi zikaisha. Mapumzikoni kocha alinionyesha sikio lake tu, akaligonga kwa kidole.

Kipindi cha pili tukapata goli, kona, kichwa cha beki wa kulia. Moja bila. Watu uzioni wakaruka. Mkwe hakuruka, alirekebisha kofia.

Halafu ikaja. Najua mpira unaokuja kabla haujapigwa, hicho ndicho nilichopewa. Kiungo wao akanyanyua kichwa, akapiga mrefu juu yangu. Nikageuka. Beki anarudi kinyumenyume, macho juu, mpira unamvuta. Nyuma yake bega la kushoto straika wao ameshaondoka, ameshamwona Odhis yuko mbele ya goli. Na nyuma ya straika, moja kwa moja, kwenye mstari mmoja kama nimewapanga kwa kamba, kofia nyeupe ya mkwe.

Beki. Straika. Mkwe.

Nikaita.

"HAMADI!"

Sijawahi kuisikia sauti hiyo. Sikujua ninayo. Uwanja mzima ukaipata.

Beki akageuka.

Na kutoka kwenye kona, kwa sauti ya mtu aliyeitwa na mzee wake, mkwe wangu akaitikia:

"NAAM!"

Beki akaupiga mpira nje ya uwanja. Ulipita juu ya kichwa cha mkwe. Uzio wote ukalipuka kwa kicheko. Mzee Riziki alikaa chini kwenye matope. Sikuweza kutazama, lakini nilitazama. Mkwe amesimama, mkono umeshika uzio, uso hauna kitu. Hacheki wala hakasiriki. Ananitazama mie.

Mpira ulirushwa, mchezo ukaendelea, na mie nikaona limeshatoka, halirudi. Nikamwita tena. Na mara nyingine. Kushoto! Mtu! Wacha, wa kipa! Kila mara uzio ukawa unaitikia wote pamoja, naam, kama watoto wa chuo cha Kurani. Yeye hakuitikia tena.

Tumeshinda moja bila. Kocha alinipiga mgongoni mpaka nikakohoa. Beki alinikumbatia. Nilipotazama kwenye kona hakukuwa na kofia nyeupe.

Nimempigia Mishi. Hakushika.

Jumapili, 25 Mei

Beki amenifukuza kwa upole. "Nenda nyumbani. Mie si mkeo."

Nilifika Bongwe adhuhuri. Sikuthubutu kupita mlango wa mbele. Nikazunguka nyuma, nikasimama kando ya tangi la maji. Wao walikuwa nje kwenye mkeka, mkwe na Mzee Riziki. Hawakuniona. Nilisikia yote.

Mzee Riziki alikuwa amesubiri tangu jana. "Yakhe, mkweo kakuita uwanja mzima kama muuza samaki. Nawe ukaitika!"

Mkwe alikuwa anasuka kamba. Hakuinua uso.

"Nani kaniita?"

"Mkweo! Mabegi! Watu wote wamesikia."

"Hakuniita mie. Kajikwaa."

"Kajikwaa!"

"Wewe ukijikwaa wasema nini?"

Mzee Riziki akafikiri. Nikamsikia akifikiri. "Haya, kajikwaa. Mbona kajikwaa mara tatu, nne?"

"Uwanja wenyewe hukuuona? Matope matupu. Wewe mwenyewe ulikalia."

"Nawe ulipoitika je? Ulijikwaa pia?"

"Nilikuwa nakohoa."

Mzee Riziki akacheka peke yake. Mkwe akavuta kamba, akaikaza kwa kidole cha mguu, akaendelea.

Mie sikujikwaa. Nilikuwa nimesimama wima. Yeye alikuwa hapo hapo kwenye kona, macho yake mazima, aliniona nimesimama wima.

Nilikaa chini nyuma ya tangi. Mishi akatoka na ndoo, akanikuta. Alinimwagia maji miguuni, nikaosha matope ya jana.

Jumanne, 27 Mei

Kocha ameniita. Mwaka mmoja tena. Nimetia sahihi. Herufi zangu zilipinda.

"Redio imewaka," akasema. "Usizime."

Beki sasa ananiita "mkwe wangu" kila mahali, hata dukani. Nimemwambia aache. Hataacha.

Nimewapigia Kakamega, nimewaambia hapana, ahsanteni.

Mishi nimemwambia. Alilia kidogo, halafu akauliza kama timu inatoa jezi ya mtoto mchanga. Lakini babake hajasema kitu. Tangu Jumamosi sijamsikia akitamka neno juu yangu, zuri wala baya. Kazi ya hoteli yaisha kesho, keshokutwa anaondoka. Lile neno lake la kufunga nguo hajalirudisha. Kusema kwa wenzake nimejikwaa ni kulinda uso wake pia. Kumwachia mtu binti ni jambo jingine.

Begi sijaliondoa mlangoni. Siwezi kulitoa kabla sijajua.

Alhamisi, 29 Mei

Mkwe ameondoka leo.

Aliamka kabla ya wote, akasali, akakusanya panga, sindano za makuti na kamba zake kwenye gunia. Mishi alipika mahamri. Nguo zake hakuzifunga. Nilimtazama, naye akainua mabega. Hakuambiwa kitu, hakuuliza.

Mie nilisimama kando ya mlango, nimpokee gunia, nimsindikize barabarani kama inavyotakiwa. Macho chini. Nikaona miguu yake inakuja. Ikafika kwenye begi. Sikuwahi kumwonya.

Akajikwaa.

"Hamadi!"

Limemtoka lenyewe. Akashika fremu ya mlango. Akabaki hapo ameinama, mkono mmoja juu. Mishi ameshika sahani.

Nikainua macho. Naye alikuwa akinitazama. Tangu nioe hatujatazamana hivyo, uso kwa uso.

Akajiitikia mwenyewe, polepole.

"Naam."

Hakucheka. Lakini masharubu yalicheza.

Alijinyoosha, akapangusa goti. Halafu akasema kwa ndani, bila kugeuka, "Mishi. Mwambie mumeo begi halikai mlangoni. Watu watavunjika miguu."

Nikambebea gunia mpaka barabarani. Gari lilipokuja akapanda peke yake.

Mchana nimelifungua begi. Soksi moja ya Thika, dawa ya misuli imekauka, kofia ya Tanga. Nimelipangusa kwa kitambaa cha maji, nimelianika uani. Mishi amesema litafaa kuwekea nguo za mtoto.

Mvua imekatika. Msimu umekwisha, mazoezi hakuna mpaka mwezi wa saba.